Mwongozo wa Kutembelea Mapango ya Amboni kwa Safari ya Siku Moja

Takriban kilomita 8 kaskazini mwa jiji la Tanga, karibu na barabara iendayo Horohoro na Mombasa, kuna ukanda wa miamba ya chokaa wenye eneo linalokadiriwa kuwa kilomita za mraba 234, na ndani ya ukanda huo maji yameula mwamba na kuacha Mapango ya Amboni. Mapango yanayohesabiwa hapo ni kumi, ingawa wageni wa kawaida hupitishwa katika moja tu. Kampuni ya mkonge ya Amboni iliipata ardhi hiyo mwaka 1922, serikali ya kikoloni ikayatangaza mapango kuwa eneo linalolindwa mwaka 1937, na mwaka 1963 yakakabidhiwa Idara ya Mambo ya Kale ya Tanganyika huru. Katika miaka ya karibuni usimamizi wake umewekwa chini ya Mamlaka ya Hifadhi ya Ngorongoro.

Mwongozo huu unamlenga mtu ambaye hajawahi kuingia pangoni: mkazi wa Tanga aliyepita njia panda ya Kiomoni, kijiji kilicho jirani na mapango, miaka yote bila kukunja kona, mwalimu anayetaka kuwapeleka wanafunzi wake, au familia iliyokuja Tanga kwa mapumziko. Tangu mwanzo nasisitiza jambo moja, nalo ni kwamba pango hutembelewa polepole, nyuma ya mwongozaji. Kuteleza, kujigonga kichwa, kuvunja mawe yaliyochukua karne nyingi kujengeka, kuwashtua popo na kushikwa na hofu gizani, mengi ya hayo husababishwa na haraka, na sehemu kubwa ya maandalizi ninayoyaeleza hapa inakusudia kukuwezesha kutokuwa na haraka.

Hatua ya kwanza: chagua siku na saa

Msimu mzuri ni wa kiangazi, hasa kuanzia Juni hadi Septemba, na tena Januari na Februari. Mvua za masika, zinazoshika kati ya Machi na Mei, huifanya njia ya vumbi inayotoka barabara kuu kuwa ya matope, na pia huongeza maji yanayopenya kwenye nyufa za mwamba, hivyo sakafu ya pango huwa na utelezi zaidi. Mto Mkulumuzi unapita jirani, na mvua kubwa ikinyesha hata usiku wa kuamkia safari, ni busara kuwauliza wahusika wa kituo kabla ya kuondoka mjini. Wakikushauri uahirishe, ahirisha bila kubishana, kwa sababu wao ndio wanaoingia humo kila siku.

Panga kufika langoni mapema asubuhi. Giza la ndani ni lile lile saa zote, lakini ukimaliza kabla ya saa sita mchana utakuwa umeepuka joto kali la Tanga wakati wa kupanda na kushuka kwenye vijia vya nje, na utakuwa na nafasi ya kutosha endapo jambo lolote litawachelewesha. Siku za mwisho wa wiki na za sikukuu huja makundi makubwa ya wanafunzi, na kelele za watu wengi katika ukumbi wa mawe huvuruga hata maelezo ya mwongozaji, kwa hiyo mwenye uwezo wa kuchagua achague siku ya kazi. Wapo wanaopenda kuona popo wakitoka kwa wingi jioni jua linapozama. Hilo ni jambo la kuvutia sana, lakini linahitaji makubaliano maalumu na kituo pamoja na usafiri wa uhakika wa kurudi mjini usiku.

Hatua ya pili: pima hali ya kila atakayeingia

Njia ya wageni haihitaji kamba wala ujuzi wa kupanda miamba. Hata hivyo, kuna mahali pa kuinama hadi kiunoni, mahali pa kuchutama, na vipenyo vinavyomlazimu mtu mzima kutambaa au kupita kiubavu. Mwenye maumivu makali ya magoti au mgongo, mjamzito aliyefikia miezi ya mwisho, na mtu aliyetoka kufanyiwa upasuaji, wote hao wanaweza kufurahia vyumba vya mwanzo vilivyo virefu na vipana, kisha wakasubiri nje na mtu wa kuwaangalia. Waelezeni mapema kwamba mpango ndio huo, ili mtu asijione amekatwa katikati ya safari.

Mwenye pumu au maradhi mengine ya mapafu anahitaji tahadhari ya pekee. Hewa ya ndani ina unyevunyevu, na mahali wanapoishi popo kuna kinyesi chao kilichokauka, ambacho kinaweza kukuza kuvu asababishaye ugonjwa wa mapafu uitwao histoplasmosi. Mtu mzima mwenye afya njema anayepita kwa muda mfupi bila kutimua vumbi kwa kawaida hapati shida kubwa, lakini mtu mwenye kinga dhaifu ya mwili amwone daktari wake kwanza, na kama hakupata ushauri huo, abaki nje.

Kuna pia hofu ya mahali pembamba. Watu wengi hawajui kama wanayo mpaka wafikishwe kwenye kipenyo cha kwanza. Muulize kila mmoja faraghani, hasa vijana, kwa maana mbele ya wenzao hawatakubali. Kwa watoto, ningesema aingie yule anayeweza kufuata maelekezo mara anapoambiwa, na kwa makundi ya shule mtu mzima mmoja asisimamie watoto zaidi ya watano.

Hatua ya tatu: mavazi na vifaa

Anza na viatu. Raba zenye soli yenye meno, zinazofunika mguu mzima na kufungwa kamba, ndizo zinazofaa. Kandambili, makubazi na viatu vya soli laini ni hatari, kwa sababu jiwe la chokaa lililolowa huteleza hata mahali panapoonekana pakavu. Vaa suruali ndefu isiyobana magoti na shati au fulana ya mikono mirefu, nguo ambazo hutajali zikichafuka matope au zikichanika. Akina mama wanaopenda kuvaa dera au gauni refu wavae suruali ndani na kulifunga gauni kiunoni wanapofika kwenye vipenyo, maana pindo refu hukanyagwa na mtu wa nyuma. Mikufu, bangili na hereni kubwa viachwe nyumbani.

Jambo la pili ni mwanga. Mwongozaji atakuwa na tochi yake, lakini taa moja kwa watu sita ina maana kwamba watano kati yao wanakanyaga wasipopaona. Kila mtu awe na tochi yake, na ikiwezekana iwe ya kuvaa kichwani ili mikono yote miwili ibaki huru kushika na kujiegemeza. Weka betri mpya asubuhi ile ile, na katika kila kundi wawepo angalau wawili wenye tochi ya ziada mfukoni. Simu ihesabiwe kuwa akiba ya mwisho, kwa kuwa taa yake hula chaji haraka, inashika mkono mmoja, na ikianguka kwenye ufa huenda usiipate tena. Mwenye kofia ngumu ya pikipiki isiyo nzito au ya ujenzi ailete, kwa sababu dari hushuka ghafla mahali pengi, nalo halina huruma kwa mtu anayetazama miguu yake.

Vilivyobaki ni vichache: kibegi kidogo cha mgongoni, chupa ya maji ya kunywa, barakoa, leso, sabuni kidogo, plasta na bandeji, dawa za mtu anayezitumia, na nguo ya kubadilisha utakayoiacha kwenye gari au langoni. Usiingie na chakula. Makombo huwavuta wadudu na panya na kubadilisha maisha ya viumbe waliozoea uhaba.

Hatua ya nne: kufika

Anayetoka Dar es Salaam ana safari ya takriban kilomita 350, ambayo kwa basi huchukua saa tano hadi sita au zaidi, kwa hiyo alale Tanga usiku mmoja kabla. Mabasi ya mikoani huishia stendi ya Kange. Anayetoka Mombasa huvuka mpaka wa Lungalunga na Horohoro, na lazima awe na hati ya kusafiria.

Kutoka katikati ya jiji unaweza kupanda daladala zinazoelekea upande wa Amboni, ukamwomba kondakta akushushe njia panda ya kwenda mapangoni, kijiji cha Kiomoni, kisha ukachukua bodaboda kwa kipande cha ndani. Familia au kundi dogo watapata nafuu kwa kukodi bajaji au teksi ya kwenda na kurudi. Patana bei nzima kabla ya kuondoka, ikiwa ni pamoja na muda wa dereva kusubiri, na umwambie wazi kwamba mnaweza kuchukua saa mbili au tatu.

Hatua ya tano: langoni

Salimia kwanza. Wahudumu na wazee wa Kiomoni mtakaowakuta hapo ni watu wa pwani, na mgeni anayeanza kwa shikamoo kwa aliyemzidi umri, akauliza habari za nyumbani kabla ya kuuliza bei, hupokewa kwa namna nyingine kabisa. Baada ya hapo utaandika jina kwenye kitabu cha wageni na kulipa ada. Ada katika vituo vya serikali hutofautiana kati ya raia wa Tanzania, wakazi na wageni wa nje, na huwa kuna nafuu kwa watoto na wanafunzi, hivyo beba kitambulisho chako cha taifa au cha shule. Lipa kwa utaratibu unaotolewa ofisini na udai risiti.

Kisha utapewa mwongozaji. Usikubali kuingia bila yeye, na usimfuate mtu aliyekukuta njiani akadai anajua mlango mwingine. Kabla ya kuanza, zungumza naye kwa dakika chache na umwulize njia mtakayopita ina urefu gani, vipenyo vigumu viko wapi, kuna sehemu gani ambazo hazipitwi siku hiyo, na mtatokea mlango gani. Mweleze hali ya watu wako bila kuficha. Mwongozaji akishajua kwamba kuna mama mwenye goti bovu au mtoto anayeogopa giza, atapunguza mwendo na kuchagua njia. Mwambie pia mnachopenda zaidi, kama ni historia, mawe, au imani za wenyeji, kwa sababu wengi wao wana maelezo ya kutosha kwa kila upande na hukatisha tu pale wanapoona mgeni anatazama saa.

Kabla ya kuvuka mlango wa pango, hesabuni watu kwa sauti. Mwongozaji anatangulia, na mtu mzima mwenye utulivu anakaa mwisho kabisa akiwa na tochi nzuri. Hakuna anayempita mwongozaji na hakuna anayebaki nyuma ya yule wa mwisho. Dereva au mtu wa ofisini ajue mmeingia wangapi na mnatarajia kutoka saa ngapi, kwa sababu mkishaingia ndani mtandao wa simu hupotea.

Hatua ya sita: ndani ya pango

Simameni mara tu baada ya kuingia, dakika moja au mbili, mwanga wa mlangoni ukiwa bado unaonekana. Macho yanahitaji muda kuzoea, na anayetoka kwenye jua kali akaendelea moja kwa moja huwa haoni vizuri hatua zake kumi za kwanza, ambazo ndizo zenye mawe yasiyolingana. Washeni tochi zote na kuzielekeza chini, mita moja au mbili mbele ya miguu. Mtu akitaka kutazama dari, asimame kwanza. Kanuni hii ndogo ya kutotembea huku unatazama juu huzuia ajali nyingi kuliko vifaa vyote.

Kwenye utelezi, kanyaga kwa wayo mzima na uhamishe uzito taratibu. Mahali pa kujishika, fuata mkono wa mwongozaji: yeye anajua mawe yapi yameshikiliwa na maelfu ya watu na hayana madhara, na yapi hayapaswi kuguswa. Kwenye kipenyo, vua kibegi ukipitishe mbele, pitisha kichwa na bega moja, kisha mwili ufuate. Asiingie wa pili mpaka wa kwanza aseme amefika. Kama mwendo ni wa kasi mno, sema mapema, tena kwa adabu: “Kaka, tupunguze kidogo, mama yuko nyuma.” Hakuna mwongozaji mzuri atakayekasirika.

Mkifika kwenye ukumbi mpana, mwombe mwongozaji asimame ili muelewe mnachokitazama. Mwamba wa Amboni ulitandazwa chini ya bahari katika kipindi cha Jurasiki, takriban miaka milioni 150 iliyopita, kutokana na mabaki ya chokaa yaliyotulia na kugandamana. Huo ni umri wa mwamba. Pango ni uwazi uliokuja kuchimbwa baadaye, ardhi ilipokwisha kuinuka na maji ya mvua kuanza kupenya kwenye nyufa. Maji hayo hubeba hewa ya ukaa inayotoka angani, na zaidi inayotoka kwenye udongo uliojaa mizizi na majani yanayooza, na hivyo hugeuka kuwa asidi hafifu inayoyeyusha chokaa. Ufa mwembamba hupanuka ukawa mfereji, mfereji ukawa chumba, na maji ya chini ya ardhi yanaposhuka, chumba hubaki kikiwa na hewa.

Baada ya kazi ya kubomoa huanza kazi ya kujenga, nayo unaweza kuiona kwa macho yako. Tafuta stalaktiti (jiwe linaloning'inia kutoka darini) ndogo iliyo hai, yaani yenye ncha iliyolowa, na uimulike kwa upande bila kuisogelea sana. Utaona tone likijikusanya kwenye ncha, likivimba, likitetemeka kidogo, kisha likaanguka, na lingine likaanza. Katika muda tone linaponing'inia, hewa ya ukaa huponyoka kutoka ndani yake, maji hayawezi tena kubeba chokaa yote, na sehemu yake huganda kwenye ukingo wa tone kama pete nyembamba mno. Pete juu ya pete hujenga mrija mwembamba wenye tundu katikati, na tundu hilo likiziba, maji hupita kwa nje na kuunenepesha. Kinachosalia katika tone hudondoka sakafuni na kujenga stalagmiti inayopanda kuikuta. Kwa kawaida ukuaji huu ni sehemu ndogo ya milimita kwa mwaka. Ikiwa stalaktiti inarefuka kwa sehemu moja ya kumi ya milimita kila mwaka, kipande cha sentimita 10 ambacho mtoto anaweza kukivunja kwa kidole kimechukua miaka 1,000.

Ndiyo maana nawasihi wageni wasiguse. Hata asiyevunja huacha mafuta ya ngozi na uchafu juu ya jiwe, na mafuta hayo huzuia chokaa mpya kushika. Linganisha mwenyewe jiwe lililo kando ya njia, lililopapaswa na kila apitaye hadi likawa jeusi na kung'aa, na jiwe la aina ile ile lililo juu pasipofikika, ambalo bado ni jeupe au la rangi ya asali na lina chembe zinazometa. Inauma kuona majina ya watu yamechorwa kwenye kuta za mahali kama hapa. Mzazi au mwalimu anayeingia na vijana aliseme hili kabla ya kuingia, na alisimamie ndani.

Mwongozaji atawaonyesha mawe yaliyopewa majina kwa maumbo yake: mamba, tembo, meli, sanamu ya Bikira Maria, na mengine ambayo kila kundi huyaona kwa namna yake. Watoto hupenda sana sehemu hii, na inafaa waachwe wabuni majina yao wenyewe. Mtasimuliwa pia kwamba mapango haya yanapenya chini ya ardhi hadi Mombasa au hadi Kilimanjaro, na kwamba mbwa aliyepotelea humo alionekana mbali sana na Tanga. Sikilizeni kwa heshima, kwa kuwa masimulizi haya ni sehemu ya mahali, lakini mjue kwamba wataalamu wa Kijerumani na Kituruki walioyapima mapango mwaka 1994 walikuta kwamba pango refu kuliko yote lina urefu wa takriban mita 900 tu. Kwangu mimi mita 900 za giza lililochongwa na matone zinatosha kumshangaza mtu.

Hadithi nyingine inayosimuliwa humo ni ya Osale Otango na mwenzake Paulo Hamisi, waliowasumbua walowezi katika miaka ya 1950 na ambao inaelezwa walijificha katika mapango haya kati ya 1952 na 1956. Wenyeji wengi huwakumbuka kama watu waliowanyang'anya matajiri wa kizungu na kuwagawia wanyonge. Ukiwa umesimama kwenye chumba chenye milango zaidi ya mmoja, ambapo mtu wa ndani anamsikia anayekuja kabla hajaonekana, utaelewa kwa nini mahali hapa palifaa kujificha.

Kuna sehemu ya pango ambayo ni ya ibada. Wadigo, Wasegeju, Wabondei, Wasambaa na wengine wamekuja hapa kwa vizazi vingi kufanya matambiko, na mzimu unaotajwa zaidi ni ule wa Mabavu, ambao wanaotafuta uzazi huuendea kwa maombi. Mtakuta chupa za marashi, sarafu, vipande vya vitambaa na mabaki ya ubani. Msiguse chochote, msiokote hata senti moja, na msipige picha kabla ya kumwuliza mwongozaji. Mkimkuta mtu amekuja na haja yake, zimeni mazungumzo, punguzeni mwanga na piteni, au subirini mpaka amalize. Unaweza kuwa na imani tofauti kabisa, nami siulizi mtu imani yake, lakini yule aliyepiga magoti mbele yako amekuja kuomba mtoto, na anastahili faragha ile ile ambayo ungeitaka wewe katika msikiti au kanisa lako.

Popo wapo, na mahali pengine mtawasikia kabla hamjawaona. Msiwamulike moja kwa moja, msipige kelele, msipige picha kwa taa ya kumweka, na msiwatupie kitu. Popo wanaoshtuliwa mchana hupoteza nguvu, na majike wenye watoto huweza kuwaangusha. Vaeni barakoa katika sehemu hizo, msikae chini penye kinyesi, na msiburute miguu. Kamwe msimguse popo aliye hai wala aliyekufa. Sitaki kumtisha mtu kuhusu Amboni, lakini mwaka 2008 watalii wawili, Mmarekani mmoja na Mholanzi mmoja, waliugua kutokana na virusi vya Marburg baada ya kuingia katika pango lenye popo kwenye msitu wa Maramagambo nchini Uganda, na yule Mholanzi alifariki. Sababu hiyo inatosha kuwaachia popo sehemu yao na kuosha mikono kabla ya kushika uso au chakula.

Mkiwa mahali salama pa kukaa, kila mtu akiwa ametulia na wote wakikubali, mwombeni mwongozaji mzime tochi zote kwa nusu dakika. Mtoto aliyezaliwa mjini huenda hajawahi kuona giza lisilo na hata chembe ya mwanga. Msifanye hivyo bila kuwaambia watu kwanza.

Mambo yakienda kombo

Taa ikizimika, simama papo hapo na useme kwa sauti. Usijaribu kupapasa ukuta hadi umfikie aliye mbele. Ukijikuta umeachwa nyuma, kanuni ni hiyo hiyo: kaa ulipo, ita kila baada ya muda mfupi, na usubiri, maana mwongozaji atarudi kwa njia aliyopita na hatakuona kama umeingia kwenye tawi jingine. Ndiyo sababu ya kuhesabiana kila mnapomaliza kipenyo.

Mtu akishikwa na hofu, dalili zake huwa ni kupumua kwa haraka, jasho, kunyamaza ghafla au kusema maneno mengi mfululizo. Msimcheke na msimvute mkono. Mwambieni akae, mumulikieni chini na si usoni, ashike kitu imara, avute pumzi kwa pua na kuitoa taratibu kwa mdomo. Mwelezeni mlango wa karibu uko wapi na itachukua muda gani kufika. Anayetaka kutoka atolewe bila mjadala, akiwa na mtu wa kumsindikiza, na safari ya wengine isimame mpaka mwongozaji arudi.

Kifundo cha mguu kikitenguka, kifungeni bandeji kiatu kikiwa bado kimevaliwa kama maumivu yanaruhusu, kwa sababu mguu ukivimba hamtaweza kukivalisha tena. Aliyeumia kichwa au mgongo asiinuliwe na wenzake. Mmoja akae naye, amfunike asipate baridi ya mwamba, na mwongozaji aende kuita msaada. Hospitali ya rufaa ya mkoa, Bombo, iko mjini Tanga, na gari mliloliacha likisubiri ndilo litakalookoa muda.

Hatua ya mwisho: kutoka

Hesabuni watu tena mlangoni, na mjulishe ofisi kwamba wote wametoka. Nawa mikono kwa sabuni kabla ya kula au kunywa. Kung'uta matope kwenye viatu hapo hapo nje, ubadilishe nguo, na zile chafu uzifunge kwenye mfuko hadi utakapozifua. Anayekusudia kutembelea pango jingine, liwe Kuumbi kule Unguja au mapango ya Kilwa, asiende na viatu vyenye udongo wa Amboni, kwa sababu kuvu na vijidudu husafiri kwa njia hiyo. Mwongozaji aliyewahudumia vizuri apewe bahasha kwa mkono, na jina lake liandikwe kwenye kitabu cha maoni ikiwa kipo, kwani sifa iliyoandikwa humsaidia kazini.

Kama muda unaruhusu, chemchemi za maji moto za Galanos, zenye harufu ya kiberiti, ziko upande huo huo wa Amboni na zinaweza kuunganishwa katika siku hiyo hiyo. Magofu ya Tongoni yako kusini mwa jiji, na yanastahili siku yake.

Katika wiki tatu zinazofuata, yeyote aliyeingia akipata homa, kikohozi kikavu, maumivu ya kifua au uchovu usioeleweka, aende hospitali na amweleze daktari, hata kabla hajaulizwa, kwamba aliingia pangoni penye popo na tarehe aliyoingia. Pwani homa nyingi huanza kushukiwa kuwa malaria, na daktari asiyejua habari ya pango hana sababu ya kupima kingine.